Rejesho Lile Lile

3 Machi

Mvua ya kwanza. Paa la chumba cha kushonea linavuja palepale, juu ya meza ya kukatia, na kitambaa cha mteja nilikuwa nimeshakihamisha kabla tone la kwanza halijaanguka. Nimeweka ndoo. Msimu wa mvua kazi ya mapazia hupungua, watu hawana hamu ya kuangalia madirisha yao sembuse kuyapimia, kwa hiyo nina muda wa kuandika. Safari hii nataka nifike mwisho wa mvua bila kuacha njiani kama mwaka jana.

5 Machi

Mvua. Pindo refu, mgongo unalia.

8 Machi

Amekuja Chiriku na mumewe. Chiriku ni binti yangu, wa pekee, na jina hilo alilipata kabla hajafikisha miaka miwili kwa sababu alianza kusema kabla hajajua kutembea vizuri na mpaka leo hajapumzika. Mumewe ni fundi friji. Nina mwaka wa pili namwita Mkwe na sijamsikia akimaliza sentensi tatu mfululizo.

Wameona nyumba. Benki itawakopesha kwa miaka thelathini, ila inataka watoe kwanza malipo ya awali, na hawana.

"Mama, kodi tunalipa kila mwezi, inaingia mfukoni mwa mtu. Si bora nilipie changu?"

"Ni bora, mwanangu."

"Basi nisikilize. Nimeuliza kwenye benki yako. Wanaweza kukuongezea pesa juu ya mkopo wako wa nyumba. Ile pesa ya kuanzia tunaipata hapo. Na wewe huongezewi chochote, rejesho la mwezi linabaki lile lile!"

"Lile lile?"

"Hata senti haiongezeki. Ni muda tu unasogea kidogo."

Mkwe alikuwa ameinua macho anakodolea dari. Nikajisemea, huyu anakagua nyumba yangu kama mali ya urithi na mimi bado napumua. Nimewaambia nitafikiri, lakini moyoni nilikuwa nimeshakubali. Sina mtoto mwingine wa kumnyima.

9 Machi

Nimeamka na harufu ya wino puani. Hakuna wino ndani ya nyumba hii tangu mume wangu afariki, miaka mitatu iliyopita. Alikuwa mpiga chapa. Alirudi kila jioni na vidole vyeusi, akaacha alama kwenye swichi za taa, na mimi nikasugua huku nikifoka. Leo ningelipa nipate alama moja tu.

Naandika haya maana jana Chiriku alipotaja mkopo nilikumbuka jiko. Mkopo wetu ni wa miaka ishirini, na kumi na mitatu imeshapita. Uliandikwa kwa jina langu kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa na mshahara wa kudumu, nikishona mapazia na mashuka ya hoteli. Jioni tuliyohamia, mume wangu alizunguka nyumba nzima, akaikata kwa macho vipande ishirini, kimoja kwa kila mwaka. Mwaka wa kwanza ulipotimia akatangaza kwamba jiko sasa ni letu. Tukatandika mkeka jikoni, tukala pale chini watatu, magoti yakigongana. Kisha akasimama, akagonga ukuta mara tatu, akasema kwa sauti ya hakimu, "Huyu hadaiwi tena."

Mwaka wa pili ulikuwa wa bafu. Tulikula tumekaa mlangoni mwa bafu tukicheka mpaka jirani akauliza kuna nini. Wa tatu korido, wa nne sebule. Wa tano kilikuwa chumba cha Chiriku, naye alishakuwa msichana wa miaka kumi na sita, akafunga mlango na kutuambia tusiingie bila kiingilio. Baba yake akalipa. Wa sita chumba cha kushonea, wa saba chumba chetu cha kulala. Vyumba vilipokwisha tukahamia kwenye paa, stoo, ukuta wa uani. Yeye alifika kumi. Mimi peke yangu nimegonga miaka mitatu. Mwaka jana ilikuwa zamu ya baraza, nikala nimesimama.

Miaka saba tu imebaki. Hivyo ndivyo nilivyokuwa nikijipa moyo kila mwezi.

13 Machi

Ndoo imejaa mara mbili. Hakuna mteja.

16 Machi

Nimekwenda benki. Afisa mikopo ni kijana mwembamba, tai imemkaba, na amenisalimia kwa heshima hadi nikasahau foleni. Kasema ninafaa. Nitapewa pesa, karibu robo ya bei tuliyonunulia nyumba, na miaka saba iliyobaki itakuwa kumi na mitano. Rejesho lile lile.

"Hutahisi kitu, Mama."

Daktari wa meno aliniambia hivyo hivyo mwaka fulani. Lakini huyu kijana ana uso mwema. Karatasi zitakuwa tayari mwanzoni mwa mwezi ujao, nitakwenda kusaini.

Chiriku alipiga kelele kwenye simu hadi nikaiweka mbali na sikio. Nilifurahi kwa siku nzima.

22 Machi

Mvua. Mvua. Zipu za foronya.

27 Machi

Hatimaye kazi. Nesi mstaafu amehamia nyumba mpya, madirisha manne. Nikapima, nikamwambia kila dirisha la mita mbili litakula mita tano za kitambaa. Akanitolea macho.

"Mita tano? Hizo tatu zinakwenda wapi?"

"Kwenye mikunjo, dada. Pazia bila mikunjo ni shuka lililotundikwa."

"Kumbe ningekuja kuyajua hayo dukani!"

"Ndiyo maana nakwambia kabla sijashika mkasi."

Tukacheka, akakubali. Nimerudi nyumbani nikiwa nimelowa, na swali lake limenikaa kichwani kama mbu. Baada ya miaka kumi na mitano mimi nitakuwa na miaka sabini na mitatu. Miaka minane hiyo ya nyongeza inakwenda wapi? Sijawahi kumuuliza mtu.

2 Aprili

Sijui nianzie wapi. Mkono umechoka kabla sijaandika.

Nilifika benki asubuhi, karatasi ziko mezani, kalamu juu yake. Kijana akanivutia kiti. Nikaishika kalamu, nikairudisha.

"Mwanangu, mimi ni mshona mapazia," nikamwambia. "Mteja akinionyesha dirisha, namwambia kwanza litakula kitambaa kiasi gani, ndipo nakata. Nawe niambie. Nyumba yangu imekula kiasi gani, na itakula kiasi gani?"

"Unataka jumla yote, Mama? Tangu mwanzo?"

"Tangu mwanzo."

Akageuza kioo cha kompyuta nikione na mimi. Kilijaa mistari kama kitambaa cha godoro. Akasema tuifanye nyumba iwe mia, ili sifuri zisituchanganye.

"Kwa mwaka unalipa karibu kumi na tano."

"Sawa. Kwa hiyo mwaka wa kwanza deni lilishuka kutoka mia hadi themanini na tano."

"Hapana, Mama. Lilishuka hadi tisini na tisa."

Nikamwomba arudie. Akarudia, taratibu, kidole kwenye mstari. Katika zile kumi na tano, kumi na nne zilikuwa riba. Moja tu ndiyo iliyogusa deni.

"Riba inapigwa kwenye deni lililobaki," akasema. "Mwanzoni deni ni kubwa, riba inameza karibu kila kitu. Deni likishuka, riba inashuka nayo, na kile kinachokata deni kinaongezeka. Nje unaona rejesho moja kila mwezi. Ndani yake ndiko kunakobadilika."

"Na leo nadaiwa ngapi?"

"Sitini na sita."

"Nimemaliza miaka kumi na mitatu kati ya ishirini, nadaiwa sitini na sita?"

"Na umeshatoa mia na tisini na nne," akasema kwa upole. "Ukimaliza itakuwa kama mia tatu."

Nyumba tatu. Tumenunua nyumba tatu tukapewa moja. Kijana akaniletea maji.

Nikauliza, na nikisaini? Akaandika tarakimu kwenye karatasi chakavu. Nitapewa ishirini na saba mkononi. Nitaongeza miaka minane, kila mwaka kumi na tano.

"Kama mia na ishirini," akasema.

"Nipokee ishirini na saba, nirudishe mia na ishirini."

"Kwa rejesho lile lile," akajibu, lakini safari hii alisema akiangalia meza.

Sikumchukia. Alinieleza kwamba thamani ya pesa nayo inapungua kadiri miaka inavyokwenda, kwamba rejesho lililotukaba mwanzoni leo ni jepesi zaidi, na kwamba bila mkopo tungekuwa wapangaji hadi leo. Yote kweli. Hakunidanganya hata tarehe ile ya kwanza, mimi ndiye sikuuliza. Nikamwambia karatasi zikae kwanza. Nikatoka kwenye mvua bila kufungua mwavuli, ninao mkononi.

3 Aprili

Leo nimemkasirikia marehemu. Nimezunguka nyumba nzima nikigombana naye kwa sauti. Kama kuna mtu alikuwa dirishani ameshasambaza habari.

Mwaka wa kwanza, tulipokaa kwenye mkeka jikoni tukisherehekea, tulikuwa tumelipia moja katika mia. Labda mlango wa jiko, bila kitasa. Mwaka wa tano, alipogonga ukuta wa chumba cha Chiriku, tulikuwa tumemaliza jiko na pembe moja ya bafu, basi. Korido ya benki, sebule ya benki, na yeye anatangaza kama hakimu. Mpiga chapa mzima, mtu aliyesoma tarakimu za watu kutwa nzima! Nami niliyesimama pembeni nikipiga makofi.

Kwa hesabu ya kweli, leo nimelipia vipande sita na zaidi ya nusu. Jiko, bafu, korido, sebule, chumba cha Chiriku, chumba cha kushonea. Chumba chetu cha kulala, alichougulia na kufia, bado kidogo.

Nilipofika hapo hasira iliniisha, nikakaa kitandani nikalia. Nilimlilia yeye, na pia wale watu watatu kwenye mkeka, waliokuwa na furaha kiasi kile kwa sababu hawakujua. Sijui kama tungejua tungeweza kuvumilia miaka yote ile. Na sijui kama tungejua tusingelipa haraka zaidi, maana kulikuwa na miaka mizuri, miaka ya mashuka ya hoteli, tukanunua televisheni kubwa.

6 Aprili

Nimemwambia Chiriku kwamba sitasaini. Nilimweleza mia, kumi na tano, tisini na tisa. Nadhani aliacha kusikiliza kwenye "sitasaini".

"Kwa hiyo hutaki niwe na nyumba."

"Sijasema hivyo. Nasema pesa hiyo itanigharimu mara nne na zaidi."

"Rejesho ni lile lile, Mama!"

"Na miaka?"

"Miaka inapita tu hata usipolipa!" Macho yalikuwa yamejaa machozi. "Baba angesaini."

"Ndiyo, angesaini," nikasema, "halafu angekuja kugonga ukuta."

Nilitamani kuyarudisha maneno hayo mdomoni. Alichukua mkoba akaondoka, na kwa mara ya kwanza tangu azaliwe mtoto wangu aliondoka kimya.

7 Aprili

Mvua. Simu haijalia.

10 Aprili

Mvua. Nimefumua pindo lilelile mara mbili.

14 Aprili

Mapazia ya nesi yamekamilika. Ameyasifu sana. Sikuwa na hamu ya kusifiwa.

15 Aprili

Bado kimya. Nyumba ni kubwa mno kwa mtu mmoja asiye na wa kumfokea.

19 Aprili

Nimefungua mlango, nimemkuta Mkwe peke yake, ngazi begani, kopo la lami mkononi, maji yanamchuruzika.

"Shikamoo, Mama. Nimekuja kuziba paa. Niliona doa kwenye dari siku ile."

Kumbe alichokuwa anakitazama ni doa. Niliona aibu, nikaificha kwa kumkaripia kwamba atateleza. Mvua ilipokatika kidogo akapanda. Alipomaliza nikampa taulo, naye akakaa, akaniomba nimweleze hesabu yote kama alivyonieleza afisa. Nikamweleza. Hakunikatiza.

"Sisi ni miaka thelathini," akasema. "Jana nilikwenda benki kuwauliza na yetu. Miaka kumi ya kwanza tungekuwa hatujagusa kitu."

"Umemwambia mwenzako?"

"Nimemwambia. Ananuna, lakini ananunia hesabu sasa, si wewe." Akasugua mikono. "Mama, mwisho wa mwezi tunatakiwa kulipa kodi ya miezi sita kwa mkupuo. Mimi ningeona heri tukulipe wewe, tukae hapa. Wewe ukate deni lako, sisi tuweke akiba taratibu mpaka pesa ya kuanzia iwe kubwa, ili tukope kidogo. Ila siwezi kumwamrisha. Kurudi kwao na mume ni jambo zito kwake."

Nilihesabu. Zilikuwa sentensi zaidi ya tatu. Mtu huyu nimekaa naye meza moja mara ngapi, na nilimwona bahili wa maneno kumbe alikuwa anasubiri zamu kwa Chiriku, ambayo haiji.

21 Aprili

Mvua usiku kucha. Ndoo kavu.

24 Aprili

Chiriku amekuja. Hakusalimia vizuri. Alikwenda moja kwa moja kwenye chumba chake cha zamani, akasimama katikati ya maboksi yangu ya vitambaa.

"Kwa hiyo siku ile mliponilipa kiingilio, hiki chumba hakikuwa chetu?"

"Hakikuwa."

"Kilikuwa cha nani?"

"Cha benki. Sisi tulikuwa na jiko na pembe ya bafu."

Akaanza kulia, kisha kicheko kikamponyoka katikati ya kilio kama baba yake alivyokuwa akifanya. "Pembe ya bafu! Na Baba alivyogonga ule ukuta!"

"Nilimgombeza sana juzi."

"Alisemaje?"

"Alinyamaza. Mara ya kwanza maishani mwake."

Tukakaa juu ya maboksi. Akaniambia kwamba jioni ile ndiyo aliyoipenda kuliko zote alizoishi nyumbani, na kwamba anachoogopa ni watu kusema ameshindwa maisha, amerudi kwa mama yake na mume kwapani. Nikamwambia watu hao hawalipi kodi yake wala rejesho langu. Nikamwambia pia ukweli mwingine, ambao sikuwa nimejua kama nitausema, kwamba sitaki nikae na miaka sabini na mitatu nikipeleka pesa benki, na kwamba nyumba hii imekuwa kimya mno.

Alifuta pua kwa mkono wa gauni. Ana miaka ishirini na minne.

"Tutagombana jikoni, Mama."

"Tutagombana."

"Na usimwite mume wangu Mkwe. Ana jina."

"Hilo litachukua muda."

2 Mei

Wamehamia. Manyunyu tu. Vitambaa vyangu vimejaa koridoni na friji mbili mbovu zimekaa uani. Chiriku anasema tangu saa kumi na mbili asubuhi, nami nimesikia kila neno kupitia ukutani, nikaacha cherehani nikakaa tu nikisikiliza.

5 Mei

Tumegombana jikoni.

9 Mei

Jua. Nimekwenda benki na Chiriku, kodi ya miezi sita ndani ya mkoba, yeye ameukumbatia kama mtoto mchanga. Kijana wa mikopo alisimama aliponiona. Kwa ile hesabu yetu ya mia, pesa hiyo ni tatu, haifiki hata marejesho matatu ya mwezi. Nikamwambia yote iende kwenye deni.

"Inawezekana, Mama. Ila chagua. Naweza kukupunguzia rejesho, kila mwezi ulipe pungufu kidogo, muda ubaki miaka saba. Au rejesho libaki lile lile, nikate miezi. Wengi huchagua rejesho lipungue."

Chiriku akafungua mdomo. Akanitazama, akaufunga.

Nimefikiria vidole vyangu, ambavyo asubuhi za baridi havikunji vizuri, na nafuu ya kila mwezi ingekuwa tamu sijui nisemeje. Nimefikiria pia kwamba pesa nimewahi kuipoteza nikaipata tena, mara nyingi, hata nisipotarajia.

"Kata miezi," nikamwambia.

Akabonyeza. Mistari ikapanda kwenye kioo, ikatulia. Imekatwa miezi sita. Chiriku akauliza inawezekanaje, pesa ya marejesho yasiyofika matatu ikate sita, na kijana akamwambia kwamba ndani ya hii hamna riba, yote imekwenda kwenye deni lenyewe. Chiriku akauliza tukileta nyingine je? Akasema atakata tena.

Nikamwomba anionyeshe mstari wa mwisho kabisa, chini. Akaushusha. Palikuwa na tarehe mpya. Miaka kumi na mitatu nimeifuata tarehe hiyo kwa miguu yangu, kwanza tukiwa wawili, kisha peke yangu. Leo ni mara ya kwanza yenyewe imesogea kuja kwangu.